Ua au uga? Kuchagua uwanja wa katikati ya mji

Mezani pa kamati ya mji kuna michoro miwili ya kipande kimoja cha ardhi. Labda stendi ya mabasi imehamishwa, labda maghala makuukuu yamebomolewa. Vyovyote iwavyo, pamebaki pengo katikati kabisa ya mji. Mchoro wa kwanza ni uwanja mpana wenye vigae vyeupe, sanamu katikati, chemchemi nne, na nyasi ambazo kwenye karatasi huwa kijani mwaka mzima. Wa pili hauvutii hata kidogo. Ni nafasi iliyobanwa na majengo ya ghorofa tatu au nne, maduka chini, makazi juu, vichochoro vikiingilia kwenye pembe. Mikono huinuka haraka kwa mchoro wa kwanza, kwa sababu unapendeza ukitazamwa kutoka juu. Lakini hakuna mkazi anayeutazama mji wake kutoka juu. Anaingia uwanjani kwa miguu, mzigo mkononi, jua utosini, na anatafuta pa kukaa.

Kiswahili kina maneno mawili yanayofaa sana hapa. Ua ni nafasi iliyozungushiwa. Ukiwa ndani unajua uko ndani. (Nasema ua wa nyumba, si ua la bustani.) Uga ni uwanda mtupu, mahali pa kukusanyika na kucheza, usio na kuta. Viwanja vya miji, ukivivua majina yao ya kifahari, vingi vinaegemea upande mmoja au mwingine wa maneno haya mawili, na ugomvi wa wasanifu majengo kwa miaka zaidi ya mia umekuwa juu ya upande upi unaozaa mji wenye uhai.

Niseme mapema ninapoegemea: kama ni lazima uwe mmoja tu, kura yangu naupa ua. Lakini si kwa sababu ya udogo wake. Uwanja ni kingo zake, yaani majengo yanayouzunguka, milango yake na watu wanaotoka humo. Katikati hufuata tu. Nitakapolinganisha hapa chini nitakuwa narudi kwenye kingo kila mara, maana ndipo michoro mingi inapodanganya.

Ua wa Siena

Ukitaka kuona ua uliokamilika, nenda Siena, Italia, kwenye Piazza del Campo. Una umbo la gamba la chaza, upana wa takriban mita 140 kwa 100, na sakafu ya matofali iliyogawanywa kwa mistari ya mawe katika vipande tisa. Tisa ni idadi ya watawala wa jamhuri ya Siena ya wakati huo, Serikali ya Watu Tisa, waliokuwa madarakani tangu 1287 hadi 1355; sakafu yenyewe ilikamilika mwaka 1349. Vipande vyote tisa vinateremka kuelekea jumba la serikali, na maji ya mvua yanafuata mteremko huohuo mpaka kwenye tundu moja lililo chini. Kumbe mteremko wa kuondoa maji umekuwa pia kiti: watu hukaa sakafuni, hulala, husoma, wote wakitazama upande mmoja kama waliomo ukumbini.

Lakini jambo la kufundisha si sakafu. Mwaka 1297, kabla hata ya matofali kutandikwa, mji ulipitisha kanuni kuhusu nyumba za watu binafsi zinazotazama uwanja: madirisha yake yawe na vijinguzo vinavyofanana na vya jumba la serikali. Fikiria. Mji ulianza kujenga uwanja kwa kuamuru kuhusu madirisha ya watu. Ulijua kwamba anayesimama katikati haoni sakafu; anaona kuta. Na kuta zikiwa na lugha moja, nafasi iliyo kati yake inakuwa chumba.

Ukubwa nao una maana. Msanifu wa Denmark, Jan Gehl, aliyetumia miongo mingi kuhesabu watembeaji mijini, anaeleza kwamba mita 100 hivi ndiyo mwisho wa jicho kumtambua mtu kuwa ni mtu anayefanya jambo fulani, na kwamba uso na hisia zake huanza kusomeka ukifika kama mita 25. Campo umekaa juu ya kipimo hicho cha kwanza. Ukisimama upande mmoja unamwona anayepunga mkono upande wa pili. Hakuna aliyeupima kwa nadharia hiyo karne ya 14, bila shaka. Macho ya binadamu hayajabadilika tu.

Ua nao una kasoro zake, na wanaoupenda kama mimi huwa tunazipitia haraka. Plaza Mayor ya Madrid, iliyokamilika mara ya kwanza mwaka 1619, ni ua kamili: mita 129 kwa 94, majengo pande zote nne, roshani 237 zikiangalia ndani. Kwa karne nyingi ulikuwa soko, ukumbi wa sherehe, na hata mahali pa hukumu za hadharani. Leo sehemu kubwa ya wanaokaa pale ni wageni. Ua mzuri hupandisha thamani ya kila mlango unaoutazama, na thamani ikipanda, fundi viatu na mwenye duka la vyombo huhama wakaja wauza picha za kumbukumbu. Anayechagua ua achague pia, siku hiyohiyo, namna ya kuwalinda wenye maduka madogo na wanaoishi juu yao.

Uga wa Brasília

Upande wa pili uko Brasília, nao unastahili kusikilizwa kwa haki, maana kuucheka ni rahisi mno.

Lúcio Costa alishinda shindano la kupanga mji mkuu mpya wa Brazili mwaka 1957, na mji ukafunguliwa tarehe 21 Aprili 1960. Majengo makuu ni ya msanifu Oscar Niemeyer. Mwishoni mwa mhimili mkuu, yaani njia pana inayopita katikati ya mji, upo Praça dos Três Poderes, Uwanja wa Mihimili Mitatu, ambapo bunge, ikulu ya kazi ya rais na mahakama kuu vimewekwa kwenye ncha za pembetatu. Kama tamko ni zuri ajabu: mihimili ya dola imesimama sawa, hakuna iliyo nyuma ya nyingine, na anga la nyanda za juu za Brazili limekuwa paa. UNESCO iliuingiza mji huo kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 1987, ukiwa bado haujafikisha miaka 30.

Sasa shuka ardhini. Umbali kati ya jengo na jengo umepimwa kwa gari. Ile njia kuu ya katikati ina upana wa zaidi ya mita 200, njia za magari upande huu na upande ule, nyasi katikati. Kwenye nyasi hizo kuna vijia vya udongo mwekundu vilivyochimbwa na nyayo, vikikata mshazari mahali ambapo mchoro haukuweka njia. Mimi huvitazama vijia hivyo kama barua za malalamiko. Mkazi hakuandika kwa mtu yeyote. Alipita tu, akapita tena kesho.

Pasipo duka, mgahawa wala mlango wa nyumba ya mtu kando ya uwanja, hapana sababu ya kuwepo pale isipokuwa kuuona. Watu huja, hupiga picha, huondoka. Wahenga walisema kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Uwanja unaohitaji tamasha kila wiki ili upate watu unajitembeza.

Haki yake ni hii: Costa huyohuyo, kwenye mitaa ya makazi, alifanya kazi tofauti kabisa. Huko majengo hayazidi ghorofa sita, yamesimama juu ya nguzo ili mtu apite chini yake kwa uhuru, na kila kundi la majengo limezungukwa na ukanda wa miti ambayo sasa imekomaa. Wengi wanaoishi humo wanapapenda. Maana yake, hata ndani ya mji uliojengwa kwa ajili ya gari na anga, watu walitulia pale penye kivuli na ukubwa unaowatosha.

Ukubwa si dhambi

Kuna hoja ambayo ingeweza kuniangusha hapa, nayo ni Isfahan. Shah Abbas wa Kwanza alihamishia mji mkuu wa Uajemi huko mwaka 1598, akajenga Naqsh-e Jahan: mita 560 kwa 160, karibu hekta 9. Ni mara kadhaa ya Campo. Kwa kipimo cha jicho ungetarajia uwe jangwa.

Haukuwa jangwa, kwa sababu ya kingo. Kuta za ghorofa mbili zenye matao zimeuzunguka wote, na chini ya matao hayo kuna maduka. Upande mmoja wa urefu kuna jumba la mfalme, mkabala wake msikiti wa Sheikh Lotfollah. Mwisho mmoja kuna msikiti mkuu, na mwisho wa pili ndipo lango la soko linapofunguka. Ibada, dola na biashara vyote vina mlango juu ya uwanja uleule. Mtu hana haja ya kuvuka hekta 9; anazunguka kando, kivulini, duka baada ya duka, na katikati panabaki kwa ajili ya siku kubwa. Zamani palichezwa polo, na milingoti ya mawe ya goli bado imesimama. Ni uga uliovishwa ua.

Kinyume chake kiko Boston, Marekani. Mtaa wa zamani wa Scollay Square ulibomolewa mwanzoni mwa miaka ya 1960, na mwaka 1968 ukakamilika ukumbi mpya wa mji wenye uwanja mkubwa wa matofali mbele yake. Mara nyingi umelinganishwa na Siena, maana matofali ni yaleyale mekundu na ardhi nayo ina mteremko. Lakini pembeni palikuwa na majengo ya ofisi yasiyofunguka uwanjani, ngazi zilizowazuia wenye viti vya magurudumu, hakuna kivuli, na upepo wa baharini wakati wa baridi. Kwa zaidi ya miaka 50 watu waliuvuka kwa haraka huku wameinamisha vichwa. Mwaka 2022 ulifunguliwa upya ukiwa na miti, mahali pa watoto kucheza, viti, na miteremko badala ya baadhi ya ngazi. Matofali ya Siena yanaweza kununuliwa. Milango ya Siena haiuzwi dukani.

Wahenga wetu wana neno jingine, nyumba njema si mlango. Kwa nyumba ni kweli. Kwa uwanja, mlango ndiyo habari yenyewe.

Pa kukaa, kivuli, na macho ya watu

Tuachane kidogo na umbo. Mwanasosholojia William H. Whyte alitumia miaka ya 1970 kupiga filamu viwanja vidogo vya New York, akihesabu nani anakaa wapi na kwa muda gani, na mwaka 1980 akatoa matokeo yake. Alikuwa ametarajia kwamba jua, umbo au uzuri wa jengo ndivyo vingeeleza kwa nini uwanja mmoja unajaa na jirani yake ni mtupu. Kilichojitokeza kuwa na nguvu zaidi ni jambo la aibu kwa urahisi wake: watu hukaa mahali penye pa kukaa. Cha pili, watu huvutwa na watu. Wanasema wanatafuta faragha, kisha wanakwenda kusimama kuongea katikati kabisa ya mapito.

Alipenda kuliko vyote kiti kisichofungwa chini, kinachoweza kusogezwa. Mtu anapoingia anakihamisha kidogo, hata sentimita kumi tu ambazo hazina faida yoyote, kisha anakaa. Kile kitendo ndicho kinachofanya mahali pawe pake. Benchi la zege lililopigwa ardhini haliwezi kumpa hilo, hata likiwa zuri namna gani.

Katika hili ua na uga hukaribiana: wowote kati yake unaweza kuwekewa viti. Tofauti ni kwamba kwenye ua kingo zenyewe huwa viti. Ngazi ya mlangoni, ukingo wa chemchemi, baraza chini ya ukuta, vyote vinakaliwa. Na mtu hupenda kukaa mgongo ukiwa na ukuta na macho yakiwa mbele. Kwenye uga mgongo wako uko wazi pande zote.

Kivuli nacho ni suala la umbo kabla ya kuwa suala la miti. Mwaka 1573 Mfalme Felipe wa Pili wa Hispania alitoa maagizo ya kupanga miji mipya ya Amerika, na ukiyasoma leo, ukiacha uonevu wa ukoloni ulioyazaa, yamejaa akili ya ujenzi. Mitaa iwe mipana kwenye nchi za baridi, myembamba kwenye nchi za joto. Uwanja upimwe kwa idadi ya watu na kwa kutazamia kwamba wataongezeka. Usipungue futi 200 kwa 300, na ulio wa kadiri nzuri uwe 400 kwa 600. Uzungukwe na baraza za matao, kwa sababu zinawafaa wafanyabiashara. Huko nyuma zaidi, mwaka 1288, mji wa Bologna uliamuru nyumba ziwe na baraza za matao mbele yake. Leo urefu wake wote ukiunganishwa ni takriban kilomita 62, na kwa karne zote hizo mtu anavuka mji bila kulowana. Ndiyo maana naona ajabu mchoro wa nchi yenye jua kali unapokuja na uwanda mweupe usio na hata mti mmoja. Vigae vyeupe humpiga mtu mara mbili, juani na machoni.

Na usalama? Wengi hudhani uga ni salama kwa sababu unaonekana wote. Jane Jacobs, mwandishi wa Marekani kuhusu miji, alipinga mwaka 1961, akisema kinacholinda mtaa ni macho ya watu wa kawaida, wenye duka, wapita njia na walio madirishani, wanaotazama bila kuajiriwa kutazama. Uwanja mtupu hauna macho hayo jua likizama. Lakini ua nao ukifichika kupita kiasi hugeuka mtego. Bryant Park ya New York ilikuwa imeinuliwa juu ya usawa wa barabara na kuzingirwa kwa uzio na vichaka, na kufikia miaka ya 1970 ilikuwa ya wauza dawa za kulevya. Ilipofungwa kwa matengenezo na kufunguliwa tena mwaka 1992, vichaka vilikuwa vimeondolewa, milango imeongezwa, na viti vya kuhamishika vimewekwa kwa wingi. Bustani ni ileile. Kilichobadilika ni kwamba aliye barabarani anaona ndani, na aliye ndani anaona pa kutokea.

Tahadhari moja, ili nisije nikaonekana nahubiri kwamba majengo ni mungu. Majengo 33 ya Pruitt-Igoe, makazi ya umma huko St. Louis, Marekani, yalikamilika katikati ya miaka ya 1950 na kuanza kulipuliwa mwaka 1972, na kwa muda mrefu ilisemwa usanifu wake ndio uliowaharibu wakazi. Lakini palikuwa pia na ubaguzi wa rangi, mji uliokuwa unapoteza watu na ajira, na matengenezo yaliyotegemea kodi za pango za watu maskini. Uwanja mbaya unaweza kuuchosha mji. Hauwezi peke yake kuuua, wala uwanja mzuri hauwezi kulisha mtu.

Siku ya umati

Hapa uga unashinda, na tukubali bila kinyongo. Mji unahitaji mahali pa kulia na kushangilia pamoja, na pa kumwambia mtawala kwamba yatosha. Ua wa watu elfu chache hauwezi kubeba siku hiyo. Uwanja mkuu wa Mexico City, maarufu kama Zócalo, ni wa zege na bendera tu kwa siku nyingi, lakini siku ya mkutano unameza umati usiohesabika. (Jina lenyewe ni kichekesho: zócalo ni kitako cha mnara. Mwaka 1843 kilijengwa kitako cha mnara wa uhuru, fedha zikakosekana, mnara haukuja, jina likabaki. Somo kwa kila kamati inayoanza na sanamu.)

Ila upana peke yake hautoshi hata hapo. Tahrir ya Cairo, ambako Wamisri walikusanyika Januari na Februari 2011 hadi Hosni Mubarak akaondoka, si mraba wa kupendeza. Ni makutano makubwa yasiyo na umbo, yenye mzunguko wa magari. Nguvu yake ilikuwa njia nyingi zinazoingia pale, daraja la Qasr al-Nil likiwa mojawapo, na treni ya chini ya ardhi iliyopita chini yake. Linganisha na Tiananmen ya Beijing, uliopanuliwa mwaka 1959 hadi hekta zipatazo 44: ukubwa wa namna hiyo humfanya mtu mmoja ajione chembe, na ndivyo alivyotaka mwenye kuupanua.

Ukisikia "tunataka uwanja wa taifa wa maadhimisho", basi, uliza siku ngapi kwa mwaka. Ikiwa ni tatu, zilizobaki 362 ni za nani?

Mwenye uwanja ni nani

Michoro haisemi hili, na linaweza kubadilisha kila kitu. Jengo refu la ofisi la Seagram lilipofunguliwa New York mwaka 1958, msanifu wake, Mies van der Rohe, alikuwa amelirudisha nyuma akaacha uwanja mbele yake, na watu wakakaa kwenye kingo zake. Mji ukapendezwa, mwaka 1961 ukaweka kanuni ya kumruhusu mjenzi kuongeza ghorofa akiacha nafasi ya umma chini. Wajenzi wakaacha nafasi, ndiyo, nyingi zikiwa tupu na nyingine zenye miiba ya chuma kwenye kingo ili mtu asikae. Kanuni zikabidi zirekebishwe mwaka 1975 kudai viti.

Kioja kikaja mwaka 2011. Waandamanaji wa Occupy Wall Street, waliopinga nguvu ya matajiri na mabenki, waliweka kambi Zuccotti Park, uwanja wa kampuni binafsi uliozaliwa na mapatano ya aina hiyo. Bustani za mji hufungwa usiku. Huu, kwa masharti yake, ulipaswa kuwa wazi saa zote. Walikaa miezi miwili kabla ya kuondolewa. Lakini usijenge juu ya bahati kama hiyo. Kwa kawaida uwanja wa mtu binafsi una mlinzi, na mlinzi ana orodha ya watu wasiopendeza. Kati ya ua mzuri wa kampuni na uga wa kawaida wa mji, nachukua wa mji.

Au usijenge kabisa

Kuna chaguo ambalo halimo kwenye michoro miwili, nalo ni rahisi kuliko yote: kufunga mtaa. Copenhagen ilifunga mtaa wa maduka wa Strøget kwa magari mwaka 1962, kwa majaribio, wenye maduka wakihofia kufilisika. Mwaka 1964 ukawa wa kudumu, zaidi ya kilomita moja ya kutembea. New York mwaka 2009 iliweka vizuizi Broadway pale Times Square na kutandaza viti vya kukunja vya bustani, vile vya bei ndogo kabisa. Watu wakakaa siku ileile. Mwaka uliofuata mji ukatangaza kwamba hautarudisha magari. Paris nayo iligeuza Place de la République, uliokuwa kisiwa ndani ya mafuriko ya magari, ikamalizia kazi mwaka 2013 kwa kusukuma magari pembeni. Januari 2015, baada ya mashambulizi ya kigaidi, umati ulipata mahali pa kusimama.

Faida ya mtaa uliofungwa ni kwamba kingo tayari zipo. Maduka yapo, madirisha yapo, watu wameshazoea njia. Na ukikosea unaondoa vizuizi asubuhi. Uwanja wa vigae vya mawe huwezi kuufuta.

Ningechagua hivi

Ardhi ikiwa hekta moja au pungufu, na majengo ya pembeni yako mikononi mwa mji kiasi cha kuweza kuamuru milango na madirisha yake, chagua ua na usisikilize neno la mtu kuhusu sanamu. Kama sanamu haikwepeki, isogezwe pembeni. Msanifu Camillo Sitte wa Vienna alishaonyesha mwaka 1889 kwamba miji ya zamani iliacha katikati wazi. Ikiwa mji hauna mahali pengine popote pa umati, chukua uga, lakini kwa sharti la Isfahan: matao na maduka kwanza, katikati baadaye. Ikiwa fedha ni kidogo au kamati haielewani, funga mtaa miezi mitatu na uhesabu watu. Na kama kipande chenyewe kimezungukwa na barabara za magari pande zote nne, mchoro wowote utakufa; kisa cha Place Charles de Gaulle huko Paris kinatosha, ambapo barabara 12 zinakutana na mwenda kwa miguu analifikia tao la ushindi lililo katikati kwa kupita chini ya ardhi.

Kabla ya kupiga kura, chukua kalamu uzunguke ukingo wa kila mchoro ukihesabu milango. Gehl huhesabu ukingo kuwa hai ukiwa na milango 15 hadi 20 kwa kila mita 100, na kuwa mfu ukiwa na miwili au hakuna. Lango la maegesho usilihesabu. Halafu muulize aliyeleta mchoro swali ambalo mchoro wenyewe hauna jibu lake: viti vikishatolewa asubuhi, ni nani ameajiriwa kuvirudisha ndani jioni, na mshahara wake umo kwenye bajeti ya mwaka gani?